Kwenda Zuzu na Waya Menoni

Niliondoka Dar es Salaam kwa sababu ya kichwa cha binti yangu. Sisi Wagogo, mtoto akishakomaa kidogo hutolewa meno mawili ya chini, yale ya mbele kabisa. Siku hiyo hulala chali, na kichwa chake hushikwa mapajani na mtu mmoja asiyebanduka mpaka kazi iishe. Katika ukoo wetu mtu huyo ni mama yake. Na aliyekushika kichwa siku hiyo ndiye utakayemwita mama mpaka mmoja wenu amzike mwenzake.

Ujumbe ulinifikia uani, nikipiga pasi. Aliyeuleta alikuwa kijana wa kwetu aliyefanya kazi ya kutandaza reli, na reli wakati huo ilikuwa imekwisha kuipita Dodoma. Alisimama mbali kidogo na moshi wa mkaa, akasema, "Dada yako Nyemo anakusalimu. Anasema mavuno yakiisha, Chiku anatolewa meno. Usipokuja, atamshika yeye."

Nikalichoma shati la Bwana Daktari, mwajiri wangu, pale pale, mkono wa kushoto.

Chiku nilimwacha kwa dada yangu mwaka wa njaa, akiwa hajatimiza miaka miwili. Mume wangu alikuwa mpagazi, alitangulia pwani, nami nikamfuata. Nilimwambia Nyemo nitarudi mvua zikinyesha. Zilinyesha mara tisa. Mume wangu alikufa kwa homa, mimi nikapata kazi ya kufua nguo kwa daktari wa meno wa Kijerumani, na kila mwaka nikawa na sababu nyingine ya kutorudi. Sababu hizo sitaziandika hapa, maana nikizisoma mwenyewe naona aibu.

Sasa nieleze habari ya waya, kwa sababu nilisafiri nao, na bila huo safari hii isingekuwa na mengi ya kusimulia. Jino langu moja la juu, upande wa kulia, lilipanda juu ya mwenzake tangu utotoni. Bwana Daktari alipata sanduku kutoka kwao, ndani yake mna pete ndogo za kuvisha magego na nyaya nyembamba za kupitisha mbele ya meno, za kuyavuta polepole yakae mstari mmoja. Akaniuliza kama nataka. Wenzangu wanadhani nililazimishwa. Sikulazimishwa. Mjini nilikuwa nikicheka mkono mdomoni kwa miaka, na nilitaka sana lile jino lirudi mahali pake. Alipotaka kunitia na meno ya bandia pale chini penye pengo la Kigogo, hapo nilikataa, nikamwambia hapa hapajaharibika. Alicheka sana. Akanipa ruhusa ya kusafiri na orodha ya vitu nisivyotakiwa kula: nyama ngumu, karanga, muwa, mahindi ya kuchoma. Yaani kila kinachouzwa stesheni.

Asubuhi ya kuondoka nilipanda behewa la watu weusi nikiwa na furushi la nguo, kibuyu cha uji na doti ya kanga kwa ajili ya Chiku. Treni ilipoanza kwenda, minazi ilirudi nyuma polepole kama watu wanaosindikiza wageni, kisha ikapungua. Hapo Pugu nilikuwa tayari nimekunywa nusu ya uji. Ruvu wakaja wauza mahindi, harufu ikaingia dirishani, nami nikageuza uso upande wa pili, nikajifanya naangalia mto.

Morogoro tulifika jua likiegemea milima. Treni ililala pale, nasi tukalala. Kesho yake tukaendelea, na tangu hapo sikumbuki vizuri ni lini nilikuwa macho na ni lini nilikuwa nikisinzia. Mtu anayekunywa uji tu siku nzima huwa mwepesi kichwani. Milima ilisogea, mabonde yakafunguka, nikaona dada yangu amesimama kwenye kichuguu, nikatazama tena nikaona ni kichuguu tu. Magurudumu yalikuwa yakisema jambo moja mfululizo na mimi nilikuwa karibu kulielewa.

Baada ya Kilosa vumbi jekundu lilizidi. Nikajifunika kanga uso mzima, nikalala. Nilipoamka nilijaribu kujifunua, nikapiga kelele. Uzi wa kanga ulikuwa umenasa kwenye waya, ukajisokota, na nilipovuta kanga nilivuta na jino. Nikakaa hivyo, nimefunikwa uso kama maiti, nikiogopa hata kupumua.

"Tulia, mwanangu. Usivute," ilisema sauti ya mama mmoja pembeni yangu.

Alikuwa Mrangi wa Kondoa, Bi Zuhura, aliyetoka pwani kumtazama ndugu yake mgonjwa. Aliingiza mkono chini ya kanga, akapapasa, akashtuka. "Hiki nini? Hirizi?"

"Waya," nikasema kwa shida. "Wa kunyoosha jino."

"Lilikosa nini?"

Nikajaribu kujibu, kanga ikanijaa mdomoni. Bi Zuhura alitoa pini kichwani mwake akafungua uzi mmoja mmoja, taratibu, huku akinisimulia habari za mbuzi wake. Nilipoona mwanga tena nilimwamkia, "Shikamoo, mama," jambo ambalo nilipaswa kulifanya mapema. "Marahaba," akajibu, na abiria wote wakacheka, nami nikacheka, na mdomo wa juu ukanasa kwenye ncha ya waya. Safari hii nilijinasua mwenyewe.

Gulwe, treni iliposimama kunywa maji, Bi Zuhura alishuka akarudi na kipande cha nta ya nyuki. "Finyanga, bandika pale panapokuchoma," akasema. Nikafanya hivyo. Daktari wangu, na vyombo vyake vyote, hakuwahi kunipa kitu kilichonituliza kama ile nta iliyonukia moshi. Kutoka Gulwe mpaka Dodoma nilikaa nikiinyonya harufu yake na kutazama nchi yetu ikianza: miiba, udongo mwekundu, anga kubwa kupita kiasi. Mbali kule yalionekana maji, yakametameta, na ng'ombe wamesimama ndani yake mpaka magotini. Tulipokaribia hakukuwa na maji. Ng'ombe walikuwepo.

Dodoma nililala kambini kwa wanawake wa wafanyakazi wa reli. Bi Zuhura alishika njia ya kaskazini na wenzake, tukaagana kwa kushikana mikono miwili. Upepo wa Dodoma haujabadilika: unakuja na mchanga, unaingia masikioni, unaingia kwenye waya. Nilisukutua mara tatu.

Alfajiri niliandamana na wanawake waliokuwa wakirudi Zuzu, tukafuata reli kuelekea magharibi. Jua lilipopanda, tulikutana na mashamba ya uwele yaliyokwisha kuvunwa, mabua yamelala. Nilikuwa na njaa na nilikuwa na furaha, na sikuweza kutenganisha kimoja na kingine. Nilijizoeza maneno ya kumwambia Chiku. Kichwani mwangu alikuwa bado ana miaka miwili na alikuwa akinyoosha mikono abebwe.

Nyumba ya dada yangu ilikuwa tembe ile ile, bapa, rangi ya ardhi, na kama si moshi ningeipita. "Mbukwa!" nikaita, kwa salamu ya kwetu. Nyemo akatoka. Amezeeka kuliko nilivyotegemea. Tukashikana, tukaachiana, tukashikana tena. Nyuma yake alisimama msichana mrefu mwenye kibuyu cha maziwa, akinitazama bila kupepesa. Nilikuwa nimebeba picha ya mtoto mdogo njia nzima, na sasa sikujua niiweke wapi.

"Msalimu mgeni," Nyemo alimwambia. Chiku akanisalimu vizuri sana, kama mgeni.

Nikatabasamu. Nyemo akaona waya. Alinishika kidevu akanigeuzia kwenye jua, na uso wake ukabadilika.

"Dada," akasema kwa sauti ndogo, "wamekuachisha nini?"

Lazima nieleze. Wafugaji wa kwetu, ndama mkubwa akikataa kuacha ziwa, humfunga miiba puani. Akimwendea mama yake kunyonya, miiba humchoma mama, naye humpiga teke. Baada ya siku chache ndama huacha. Nyemo alipoona chuma kimepita mbele ya meno yangu, aliona ile miiba. Aliamini Wajerumani wamenifunga mdomo nisile chakula cha nyumbani mwao.

Nilieleza. Nilieleza nimekaa, nilieleza nimesimama, nikataja pete, sanduku na jino. Kadiri nilivyoeleza ndivyo walivyonihurumia, kwa sababu walidhani nawaficha aibu yangu. Kabla ya jua kuzama kijiji kizima kilikuwa na habari. Wanawake walikuja mmoja mmoja na vibuyu vya maziwa ya mgando, uji wa uwele, ugali laini na mlenda, wakakaa kunitazama nikila, wakitikisa vichwa. "Kula, dada. Hapa hakuna wa kukufunga." Nilikasirika mpaka masikio yakawaka moto, halafu nikala, maana maziwa yalikuwa mazuri na mlenda hauhitaji meno. Ila nyuzi zake zilining'inia kwenye waya mpaka kidevuni, na hilo likawaongezea huruma.

Siku mbili zilipita hivyo. Chiku alinihudumia kwa heshima na kunikwepa kwa ustadi. Alipotaka kitu alimwita Nyemo, "Mama," na Nyemo aliitika bila kugeuka, kama mtu anavyoitika jina lake. Kanga niliyomletea aliipokea kwa mikono miwili, akaikunja, akaiweka juu ya kiunzi cha kitanda. Mchana nilijilaza kwenye kivuli cha ukuta wa tembe nikisikia kengele za ng'ombe zikienda mbali na kurudi, na nilijiambia kwamba siku ile ya kushika kichwa itasawazisha mambo. Nitakaa chini, atalala mapajani pangu, na miaka tisa itafutika. Nilikuwa nikiota macho wazi, najua sasa.

Siku ya tatu, karibu na adhuhuri, nilikuwa nyuma ya zizi nikihangaika kutoa mabaki ya mlenda kwa mwiba. Mwiba ulivunjikia humo humo. Nilikuwa nikitukana kwa Kiswahili, nikidhani hakuna anayeelewa, nilipoona miguu ya Chiku mbele yangu. Mkononi alikuwa na singa za mkia wa ng'ombe.

"Lala," akasema.

Nikalala. Alikaa chini, akaweka kichwa changu mapajani pake, akaanza kupitisha singa kati ya waya na meno, huku na huku, taratibu, mpaka mwiba ukatoka. Vidole vyake vilinuka maziwa. Juu ya uso wake ilikuwepo anga tupu na mwewe mmoja asiyekwenda popote. Ningeweza kulala pale mwaka mzima.

"Linauma?" akauliza.

"Likikazwa tu. Siku mbili, kisha linazoea."

"Na hukulia?"

"Nililia. Bwana Daktari akinikaza, mimi nashika ukingo wa kiti nalia."

Hilo lilimpendeza, nadhani. Akafikiri, kisha akainua mdomo wake wa juu kwa kidole. Upande wa kulia, jino moja lilikuwa limepanda juu ya mwenzake. Sikuwa nimeliona, kwa sababu alikuwa hajanitabasamia hata mara moja.

"Hilo lako linakwenda wapi?" akauliza.

"Linanyooshwa," nikasema. Akaushusha mdomo, akaendelea kusafisha.

Jioni ile Nyemo aliniita barazani. Alikuwepo na fundi wa kutoa meno, mzee mpole mwenye mikono mikavu, amekuja kupanga kazi ya kesho. Nyemo alinipa mzizi mrefu kama kidole. "Unakumbuka," akasema. "Mshika kichwa hutafuna dawa, na jino likitoka tu anaitema pale penye jeraha. Haitwangwi mapema, inapoteza nguvu. Jaribu sasa, uone kama utaweza."

Nilikuwa nimesahau. Katika mambo yote niliyoyaota njiani, mzizi sikuuota. Nikautia kwenye magego nikauma. Ulikuwa mgumu kama mpini wa jembe. Nikauma tena kwa nguvu zangu zote, na kwa hasira pia, kwa sababu niliona Nyemo ananitazama kwa huruma ile ile ya maziwa ya mgando. Nikasikia mlio mdogo kichwani. Waya ulikatika, ncha ikapenya mdomo wa ndani, na nyuzi za mzizi zikajisokota humo zote.

Walinisaidia kuzitoa nyuzi. Damu ilikuwa nyingi kuliko kidonda.

"Nitatafuna hivyo hivyo," nikasema.

Fundi alitikisa kichwa. "Mwenye damu kinywani hamtemei mtoto dawa, mama. Wala hamshiki. Ndivyo ilivyo." Alisema bila ubaya wowote.

Nikamgeukia dada yangu na maneno mabaya tayari ulimini: kwamba alijua, kwamba aliniita ili anishinde mbele ya watu. Sikuyasema, kwa sababu Nyemo alikuwa akilia.

"Sikukuita nikushinde," akasema. "Nilikuita umshike. Nimeiahirisha kazi hii misimu miwili nikikungoja."

Asubuhi ya siku yenyewe ilikuwa na baridi ya ule upepo wa kiangazi. Walitandika ngozi uani. Nyemo alikaa, Chiku akalala, kichwa mapajani pa Nyemo, na Nyemo akaanza kutafuna. Mimi nilisimama nyuma ya wanawake wengine, mdomo umevimba, waya uliokatika ukining'inia kwa sababu hakuna aliyejua kuutoa. Niliwaza kuondoka kimya kimya nikaikute treni.

Chiku akasema jambo. Nyemo akatema dawa mkononi ili aweze kusema, akaita, "Anamtaka mgeni. Aje mbele."

Nikaenda. Chiku alinionyesha mahali, karibu na miguu yake, upande ambao jua lilinipiga usoni.

"Kaa hapo," akasema. "Fumbua kinywa. Nione."

Nikafumbua. Fundi akainama na kuanza. Chiku alishika mkono wa fundi mara moja tu, mwanzoni, kisha akaachia, na tangu hapo macho yake hayakutoka kinywani mwangu. Aliangalia ule waya kama mtu anavyoangalia taa. Taya zikaniuma, mate yakanitoka, nzi akatua mdomoni, nami sikufunga. La kwanza likatoka. La pili likakawia. Hakulia. Nyemo akatema dawa, akamkumbatia kichwa chote, na Chiku akageuza uso akauficha tumboni mwake akasema, "Mama." Neno hilo halikuwa langu, na kila mtu pale alilisikia. Nilifunga kinywa. Nililia bila kujizuia, na sioni haya kuliandika.

Nilikaa siku mbili zaidi, kisha ruhusa yangu ikawa inaisha. Asubuhi ya kuondoka Nyemo alinifungia nta na maziwa ya mgando, akanisindikiza mpaka mwisho wa shamba. Chiku alikuja mbele zaidi, mpaka kwenye reli, akiwa amejifunga ile kanga. Hakuwa akizungumza siku zile kwa ajili ya kidonda. Tulitembea, vumbi likienda mbele yetu. Aliposimama nikajua ndiyo mwisho. Akatoa majani ya dawa mdomoni, na kwa lile pengo jipya, sauti ikivuja upepo, akaniuliza:

"Likishanyooka, mimi nitafanana na nani?"

Kisha akarudisha majani, akageuka. Nilimtazama mpaka akawa mdogo, mpaka hewa ya joto ikamnyanyua kidogo kutoka ardhini, nikashindwa kujua kama ni yeye au ni kichaka.

Njia ya kurudi niliiona yote. Sikusinzia. Dodoma, Gulwe, Kilosa, nilikaa dirishani nikipapasa meno yangu kwa ulimi. Karibu na Morogoro niligundua jambo. Jino langu, ambalo Daktari alilivuta miezi yote ile, halikuwa tena mahali alipoliacha. Siku chache bila kuvutwa, nalo lilikuwa linarudi lenyewe, unywele kwa unywele, kwenda kupanda juu ya mwenzake. Nilicheka peke yangu behewani, kinywa wazi, mkono mapajani.

Kama kuna anayetaka kujua nilichojifunza, ni hiki, na sikukipenda. Mama wa Chiku ni Nyemo. Alikuwa ndiye kabla sijafika, na waya usingekatika ningemshika mtoto kichwa bure tu, kwa siku moja. Wivu ninao bado, hasa nikisikia mtoto wa jirani akiita. Lakini mavuno yajayo nitakwenda tena, na yanayofuata, bila kungoja mtu aniletee ujumbe nikiwa na pasi mkononi.

Kesho yake baada ya kufika, Bwana Daktari alinikalisha kwenye kiti chake kirefu, akasikitikia waya wake, akachukua koleo ndogo na waya mpya.

"Usifunge tena," nikamwambia. "Toa nyaya zote, na pete."

Akashusha mikono. Alisema ilikuwa kazi nzuri, ilibaki miezi michache, na lile jino litabaki baya vile vile maisha yangu yote. Akaniuliza kwa nini. Miaka yote niliyomfulia nguo hakuwahi kuniuliza kama nina mtu duniani, nami sikuwahi kumwambia.

"Nina binti, Bwana," nikasema. "Anafanana nami."